Mchanga wa wafanyabiashara wenye leseni kutangazwa mali ya Serikali: tufungue shauri la namna gani?

Mwenye Yadi, Mwanza

Ndugu wanajukwaa, ninaomba mawazo ya wanaozifahamu sheria za madini na za mazingira, na hasa ya wale ambao wamewahi kusimama mahakamani dhidi ya ofisi ya umma kwa ajili ya mali iliyokamatwa.

Mimi ni mfanyabiashara wa mchanga, kokoto na moramu pembezoni mwa jiji la Mwanza, upande wa barabara iendayo Musoma. Sichimbi. Ninanunua kwa wachimbaji wenye leseni za uchimbaji mdogo, ninalundika katika yadi niliyoikodi, kisha ninawauzia mafundi, wakandarasi na watu wanaojijengea nyumba. Leseni yangu ya biashara ya madini ujenzi ilikuwa hai siku ya tukio, na kwa kila tripu iliyoingia ninayo stakabadhi ya mchimbaji pamoja na ya mrabaha, yaani tozo ya Serikali kwa madini, yenye kumbukumbu namba ya malipo. Ninafahamu kwamba tangu kazi kubwa za ujenzi zianze katika kanda yetu, kuanzia daraja la Kigongo hadi Busisi lililofunguliwa Juni 2025 mpaka reli ya kisasa ya kutoka Isaka, mahitaji ya mchanga yamepanda, uchimbaji holela umeongezeka, na ukaguzi nao umekuwa mkali. Kwa hilo sina ugomvi na mtu.

Ugomvi wangu ni namna jambo lilivyofanyika. Kikosi cha pamoja cha maofisa kilifika yadi asubuhi, kikasema kwa mdomo kwamba mchanga wote ulichimbwa ndani ya mita 60 kutoka ufuko wa ziwa, kikapuliza rangi nyekundu kwenye geti, na kikaniachia karatasi moja ya ukamataji ambayo katika safu ya maelezo ya mali imeandikwa maneno haya tu: “rundo kubwa moja na madogo mawili, mali ya Serikali”. Hakuna tani, hakuna mita za ujazo, wala hakuna kifungu cha sheria. Nilipotoa faili la stakabadhi, ofisa mmoja alinijibu kwamba hayo nitayaeleza mbele ya safari. Wiki haikuisha kabla loda haijaingia na kuanza kuchota mchanga kwenda kwenye mradi wa umma ulio jirani. Mpaka leo sijashtakiwa, wala wachimbaji walioniuzia hawajashtakiwa, na barua zangu hazijajibiwa. Wenzangu wawili wenye yadi wamefanyiwa vivyo hivyo.

Je, mchanga ambao mrabaha wake umekwisha kulipwa unaweza kugeuka kuwa mali ya Serikali kwa tamko la ofisa? Kama haiwezekani, tunapaswa kumshitaki nani, katika mahakama ipi, na tuna muda gani? Pia ningependa kujua kama inawezekana kuzuia uchotaji wa mchanga uliobaki, kwa sababu kwa mwendo huu tutashinda kesi ya rundo ambalo halipo.

Wakili wa Nyamagana

Ndugu Mwenye Yadi, pole kwa yaliyokupata. Ninafanya kazi ya uwakili hapa mjini, na nitaeleza njia kwa ujumla. Atakayekusimamia itambidi azione karatasi zenyewe.

Kwanza tutenganishe mambo ambayo karatasi yako imeyachanganya. Kuzuia mali isiondolewe wakati uchunguzi unaendelea ni jambo moja, kuikamata ili iwe kielelezo cha kesi ya jinai ni jambo jingine, na kuitaifisha, yaani kuhamisha umiliki wake kutoka kwako kwenda kwa Serikali, ni jambo la tatu lililo zito kuliko yote. Maofisa wanayo mamlaka mapana kiasi katika mawili ya mwanzo. Katika la tatu, kwa kawaida ya sheria zetu utaifishaji hufuata hukumu ya kosa au amri ya mahakama, wala hauzaliwi na maneno mawili yaliyoandikwa kwenye hati ya ukamataji. Kama mchanga wako ni kielelezo, basi kielelezo hicho kinatumikaje kumwaga zege kabla hakijafika mbele ya hakimu? Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Jinai inamruhusu hakimu kutoa amri ya mapema juu ya vitu vinavyoharibika, kama samaki na nyanya, lakini mchanga hauozi.

Wakili wa Serikali ataanzia mahali ambapo pana nguvu. Sheria ya Madini, Sura ya 123, inahesabu mchanga wa ujenzi kuwa madini, na baada ya marekebisho ya mwaka 2017 inasema waziwazi kwamba madini yote yako chini ya Rais kama mdhamini kwa niaba ya wananchi wa Tanzania. Atasema kwamba mchanga ulikuwa wa Serikali tangu mwanzo, hivyo hakuna kilichonyang'anywa. Jibu lake ni kwamba kauli hiyo inahusu madini yaliyo ardhini. Leseni ya uchimbaji humpa mwenye nayo haki ya kuyatoa na kuyauza, mrabaha ndiyo stahili ya Serikali katika mauzo hayo, na baada ya hapo mchanga ni bidhaa kama bidhaa nyingine. Hoja ya wakili wa Serikali ikivutwa hadi mwisho wake, kila ukuta uliopigwa lipu kutoka Buhongwa hadi Igombe ni mali ya Serikali, jambo ambalo sidhani kama kuna jaji atakayelikubali.

Ukishavuka hapo, unayo Katiba. Ibara ya 24 inalinda haki ya kumiliki mali na inakataza mtu kunyang'anywa mali yake bila idhini ya sheria inayoweka masharti ya fidia inayostahili. Ibara ya 13(6)(a) inatoa haki ya kusikilizwa kikamilifu pale haki za mtu zinapoamuliwa na mahakama au chombo kingine chochote, na Mahakama ya Rufani katika kesi ya Mbeya-Rukwa Autoparts ya mwaka 2003 ilisisitiza kwamba haki hiyo si kanuni ya ustaarabu tu bali ni haki ya kikatiba. Kwa maoni yangu hoja hii ya kusikilizwa ndiyo iliyo kali zaidi kwako, kuliko hata ya umiliki, kwa sababu haihitaji ubishi mrefu wa ushahidi: faili lilitolewa na halikufunguliwa.

Sasa njia. Ya kwanza ni maombi ya mapitio ya kimahakama katika Mahakama Kuu, ambapo unaomba uamuzi wa kutaifisha utenguliwe na maofisa wazuiwe kuendelea. Huanza kwa maombi ya ruhusa, yakiambatana na kiapo na maelezo, na kwa kanuni za mwaka 2014 ruhusa hiyo ni lazima iombwe ndani ya miezi 6 tangu uamuzi ulipotolewa. Ukishapewa ruhusa, maombi yenyewe yanapaswa kuwasilishwa ndani ya siku 14. Jaji anapotoa ruhusa anaweza kuelekeza kwamba ruhusa hiyo isimamishe utekelezaji wa uamuzi unaolalamikiwa, na kwako hilo lina thamani kubwa kwa sababu linamfikia yule mwendesha loda. Ubaya wa njia hii ni kwamba haikupi fedha, kwani mahakama hapo huangalia namna uamuzi ulivyofanywa, haikai kuhesabu tripu. Kumbuka pia kwamba utaulizwa kama sheria iliyotumika imeweka ngazi ya rufaa na kwa nini hukuipitia, ndiyo maana ni muhimu kuwabana maofisa kwa barua wataje kifungu walichokitumia.

Njia ya pili ni shauri la madai ya fidia. Hapa unakutana na Sheria ya Mashauri Dhidi ya Serikali, Sura ya 5, inayotaka notisi ya siku 90 kwa ofisi husika, na nakala kwa Mwanasheria Mkuu wa Serikali, kabla ya kufungua shauri, na shauri lenyewe hufunguliwa Mahakama Kuu. Tangu marekebisho ya mwaka 2020, masharti haya yanagusa pia halmashauri na taasisi nyingine za umma, na kumwacha Mwanasheria Mkuu nje ya shauri kunaliua. Zamani mambo yalikuwa magumu zaidi, maana mtu alihitaji kibali cha Serikali ili aishitaki Serikali, mpaka Mahakama ya Rufani ilipokibatilisha kifungu hicho mwaka 1993 katika kesi ya Kukutia Ole Pumbun. Notisi tuliyonayo leo iliingia baada ya hapo.

Katika siku hizo 90 mchanga utakwisha, umeona sawasawa. Mahakama Kuu imekuwa ikipokea maombi ya zuio la muda wakati notisi inasubiriwa, ambayo mawakili tunayaita Mareva kwa jina la kesi ya Uingereza ya mwaka 1975. Wakili wa Serikali hupinga akisema sheria hairuhusu zuio dhidi ya Serikali, na majaji hawajawa na mkono mmoja katika jambo hilo, lakini maombi yenye kiapo kizuri na picha za loda ikichota yana nafasi.

Na muda. Watu wengi huhesabu miaka 3, ambayo ndiyo ukomo wa madai ya kawaida ya madhara. Jedwali la Sheria ya Ukomo, hata hivyo, linaweka mwaka 1 tu kwa fidia inayotokana na kitendo kinachodaiwa kufanywa kwa mujibu wa sheria iliyoandikwa, na maofisa wako watadai hasa hivyo. Toa siku 90 za notisi katika mwaka huo uone kinachobaki. Mwenye hekima hupeleka notisi sasa, huku maombi ya mapitio yakiendelea.

Mkaguzi Mstaafu

Nimesoma maelezo ya ndugu wakili na siyapingi, ila naomba niseme upande ambao humu hausemwi. Nilitumikia ukaguzi wa mazingira katika mikoa ya kanda hii kwa muda mrefu, na ninajua kwa nini vikosi vinaanza na yadi badala ya kuanza na machimbo.

Kifungu cha 57 cha Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya mwaka 2004 kinakataza shughuli za kudumu, au zinazoweza kuathiri uhifadhi, ndani ya mita 60 kutoka ufuko wa ziwa au kingo za mto. Uchimbaji wa ufukweni hufanyika usiku, kwa majembe na machepe, mchanga unapakiwa kwenye mtumbwi au kwenye Fuso lisilo na namba zinazosomeka, na alfajiri shimo limejaa maji na hakuna mtu wa kumkamata. Mchanga huo hauishii hewani. Unaishia kwenye yadi yenye leseni, ambako unachanganywa na mchanga halali na kupata karatasi. Leseni moja ya uchimbaji mdogo, yenye eneo dogo lililokwisha kuchimbwa hadi udongo mwekundu, inaendelea kutoa stakabadhi kama kwamba mchanga unaota tena kila wiki. Mtu anayekaa ofisini akiziona stakabadhi hizo anaona uhalali. Mtu aliyekwenda kwenye eneo anaona kitu kingine.

Kwa hiyo, ndugu Mwenye Yadi, stakabadhi zako zinathibitisha kwamba ulimlipa mtu, na kwamba mtu huyo alilipia mrabaha kiasi fulani. Hazithibitishi kwamba punje zilizomo katika rundo lako zilitoka katika eneo la leseni yake. Hapo ndipo kesi yako itakapopigwa, na usishangae wakili wa Serikali akimwita mtaalamu wa miamba. Mchanga wa ufukweni katika upande wetu wa ziwa mara nyingi ni mwembamba, punje zake zimelainishwa na mawimbi, na ukiukamata kiganjani utaona vipande vyeupe vya makombe ya konokono. Mchanga wa mito inayoshuka ziwani ni mkwaruzo zaidi na huwa na chembe za mawe ya granaiti ambazo kona zake bado zipo. Fundi mzuri wa lipu anautambua kwa kuusugua viganjani. Kama rundo lako ni la mtoni, sampuli zitakuokoa kuliko faili. Zichukuliwe na maabara isiyo yako wala yao, mbele ya mwenyekiti wa mtaa, zifungwe na kutiwa sahihi na pande zote.

Kuhusu kuchota mchanga kabla ya mahakama kuamua, sina utetezi. Katika kazi yetu tulifundishwa kwamba kielelezo kinachotumika si kielelezo tena. Ila msijidanganye kwamba kosa hilo la utaratibu linaufanya mchanga uwe halali.

Mpima Majengo

Wanasheria wamesema, mimi nizungumzie rundo lenyewe, kwa sababu katika madai ya hasara mahususi mahakama hutaka kila shilingi itajwe na kuthibitishwa, na “rundo kubwa moja na madogo mawili” si kipimo.

Mpeleke mpima leo, kabla ya kesho. Rundo lenye umbo la pia hupimwa kwa mzingo wa chini na kimo chake, na lile refu lililomwagwa na matipa kwa mstari hupimwa kwa sehemu sehemu. Mpima ardhi mwenye vifaa vyake atakupa mita za ujazo kwa usahihi wa kutosha, na rundo likiwa limekwisha kuchotwa bado alama ya chini yake inaonekana, pamoja na picha za simu zenye tarehe. Kugeuza mita za ujazo kuwa tani ndipo watu wanapogombana. Mchanga mkavu uliolegea huwa karibu tani 1.6 kwa mita ya ujazo, lakini mchanga wenye unyevunyevu huvimba, na ule mwembamba unaweza kuongezeka ujazo hata kwa robo bila kuongezeka punje moja. Kama mvua za vuli zilikuwa zimenyesha siku zile, wakili wa upande wa pili atauliza kama ulipima mchanga au ulipima maji. Pima unyevu, uandike.

Halafu linganisha kipimo hicho na daftari lako la yadi: akiba ya mwanzo wa mwezi, kilichoingia kwa namba ya gari na jina la machimbo, kilichotoka kwa stakabadhi ya mashine ya kodi. Wazee walisema mali bila daftari hupotea bila habari, na sijaona mahali ambapo msemo huo unatenda kazi kama kwenye mchanga, kwa sababu mchanga hauna chapa wala namba. Hesabu za daftari zikikaribiana na kipimo cha rundo, umejibu sehemu kubwa ya hoja ya mzee mkaguzi: yadi inayochanganya mchanga wa magendo huwa na rundo kubwa kuliko daftari lake.

Msomaji wa Kesi

Naomba nichangie kutoka nje kidogo, kwa kuwa mgogoro wa namna hii una historia ndefu India, ambako majimbo yamekuwa yakiwapa watu leseni za kuhifadhi na kuuza mchanga, na baadaye kuzikamata akiba zao. Sheria yao ya madini ya mwaka 1957 inauweka mchanga wa kawaida katika kundi la madini madogo yanayosimamiwa na majimbo, na marekebisho ya mwaka 1999 yaliyapa majimbo mamlaka ya kutunga kanuni za kuzuia si uchimbaji haramu tu, bali pia usafirishaji na uhifadhi wake. Hata hivyo kifungu cha 21(4A) cha sheria hiyo kinasema kwamba madini, magari na vifaa vilivyokamatwa hutaifishwa kwa amri ya mahakama yenye mamlaka ya kulisikiliza kosa husika, na kugawiwa kwa maelekezo ya mahakama hiyo. Ofisa hukamata, mahakama ndiyo hutaifisha. Mgawanyo huo ndio ambao ndugu wakili ameueleza kwa sheria zetu, na maamuzi ya India, ingawa hayazifungi mahakama za Tanzania, husomwa na kuheshimiwa.

Lakini atakayeyataja ajue kwamba yanakata pande zote mbili. Mwaka 2014 Mahakama ya Juu ya India, katika shauri kati ya Serikali ya Delhi na Sanjay, iliamua kwamba kuchukua mchanga wa mtoni bila ridhaa kunaweza kushitakiwa kama wizi wa mali ya Serikali chini ya kanuni ya adhabu, mbali na kosa la sheria ya madini. Kwa hiyo mtu mwenye yadi anayekimbilia India kutafuta kinga anaweza kurudi na shitaka la pili.

Na tahadhari nyingine kwa wanaopenda kunakili hoja za jirani zetu. Uganda, ambako uchimbaji wa mchanga wa Lwera kando ya ziwa hili hili umezua kesi nyingi, Katiba yao inasema kwamba mchanga na mawe ya kawaida ya ujenzi si madini kwa maana ya ibara ya madini. Hoja za umiliki zinazojengwa juu ya msingi huo hazivuki mpaka. Ng'ambo ya maji tunachota mchanga ule ule, lakini hapa ni madini na kule si madini.

Mwenye Yadi, Mwanza

Ninawashukuru wote, na kwa mzee mkaguzi ninasema shikamoo. Maneno yake ni magumu lakini nimeyapokea. Mchanga wangu mwingi ni wa mtoni, na mpima anaingia yadi kesho asubuhi na mwenyekiti wa mtaa.

Limezuka jambo jipya. Nimeitwa ofisini na kuelezwa kwamba nikikubali kufifilisha kosa, nikalipa faini na kutia sahihi fomu, nitarudishiwa sehemu iliyobaki na rangi itafutwa getini. Mwenzangu mmoja amekwisha kusaini, kwa sababu ana mkopo wa tipa benki na kila siku ya geti kufungwa inamla. Mimi pia nina mteja mwenye mkataba anayenidai mchanga aliokwisha kuulipia. Je, nikisaini ninapoteza nini? Na yule mkandarasi aliyepokea mchanga wangu, naye anaweza kuunganishwa katika shauri?

Muuza Kokoto, Ilemela

Mkuu, nitasema machache kwa kuwa nilipitia hali hiyo, ingawa kwangu ilikuwa ni kokoto. Nililipa. Nilirudishiwa mzigo ndani ya siku chache na biashara ikaendelea, lakini mwaka uliofuata nilipohuisha leseni niliulizwa kuhusu kosa lile kana kwamba nilihukumiwa, na kila ukaguzi unaokuja unaanza na jina langu. Mtu mwenye deni la benki simlaumu akisaini. Nilichojifunza ni kuomba mteja wangu anipe barua ya kukubali kucheleweshewa, na kuipeleka benki nakala ya hati ya ukamataji ili wajue sababu ya marejesho kuchelewa. Benki husikiliza zaidi karatasi kuliko maelezo ya simu.

Wakili wa Nyamagana

Kufifilisha kosa maana yake ni kwamba mtu anakiri kosa kwa maandishi na kulipa badala ya kushitakiwa. Ukishakiri kwamba mchanga wako ulichimbwa ndani ya mita 60, umemkabidhi wakili wa Serikali jibu la hoja zako zote za umiliki, na itakuwa vigumu sana baadaye kumweleza jaji kwamba hukusikilizwa, wakati fomu yenye sahihi yako inaonesha kwamba ulikaa mezani na kukubali. Kama hali ya fedha inakulazimisha, soma fomu neno kwa neno. Angalia ni kosa gani limetajwa, kwa sababu kosa dogo la kumbukumbu au la kuhifadhi bila kibali fulani ni tofauti kabisa na kosa la kumiliki mchanga uliochimbwa kinyume cha sheria. Angalia pia kama inataja mchanga uliokwisha kuchotwa. Fomu nyingi za aina hiyo zinanyamaza juu ya mzigo uliokwisha kuondoka, na ukisaini huku umenyamaza utaambiwa kwamba uliusamehe. Andika barua ya kusindikiza inayosema kwamba madai yako juu ya mchanga ulioondolewa yanabaki, na upigiwe mhuri wa kupokelewa kwenye nakala yako. Wakiikataa barua hiyo, umejua thamani ya ahadi yao kabla hujalipa. Mwenzako aliyekwisha kusaini asikate tamaa, lakini mashauri yenu yasiwekwe katika jalada moja, maana udhaifu wa lake utalivuta la kwako.

Tahadhari moja juu ya namba za vifungu: Toleo la Sheria la mwaka 2023, lililoanza kutumika Julai 2025, limebadilisha mpangilio katika baadhi ya sheria, kwa hiyo yeyote atakayewaandikia notisi asinakili vifungu kutoka kwenye kesi za zamani bila kuvihakiki.

Kuhusu mkandarasi, anaweza kuunganishwa, na mara nyingi inafaa. Kanuni ya kutotoa zuio dhidi ya Serikali haimlindi yeye akiwa mtu binafsi, hivyo zuio la kuendelea kupokea mchanga linaweza kumwelekea moja kwa moja. Vilevile ni yeye mwenye hati za kupokea mzigo, zikionesha tarehe, gari na kiasi, na mahakama inaweza kumwamuru azitoe. Kiasi ambacho maofisa hawakukiandika kwenye hati yao, karani wake wa stoo alikiandika ili amlipe mwenye lori.

Usitegemee kwamba mwisho wa shauri utaletewa mchanga. Dhidi ya Serikali, mahakama hutamka kwamba mali ni yako, haitoi amri ya kukukabidhi, na ukishinda fidia huwezi kukamata gari wala jengo la umma ili ulipwe. Unapewa hati ya mahakama ambayo ofisi inayohusika hulipia kupitia ofisa wake masuuli, yaani mwenye dhamana ya fedha zake, na kulipwa huko kunahitaji ufuatiliaji. Ule uliokwisha kuwa zege hautambuliki tena na utadaiwa kwa bei. Kwa hiyo tafuta leo stakabadhi za mauzo yako ya wiki iliyotangulia ukamataji, pamoja na za yadi nyingine mbili au tatu zisizo na ugomvi na mtu, kwa kuwa bei ya mchanga hapa Mwanza hupanda na kushuka na mvua, na miaka miwili ijayo hakuna shahidi atakayeikumbuka.

Kesho, mpima atakapokuwa anapima, muombe ofisa aliyesaini hati ya ukamataji ahudhurie, kwa barua. Asipokuja, barua hiyo iambatanishwe kwenye kiapo.